Jina Alilokupa Jirani: Majibu kwa Wasomaji Kuhusu Majina Yaliyopitwa na Wakati

Tuliwaomba wasomaji watuletee majina ya zamani ya nchi, miji na makabila wanayokutana nayo kwenye vyeti, vitabu na ramani wasijue wayafanye nini. Barua zimekuja nyingi kuliko kurasa tulizo nazo. Tumezifupisha, na majina ya walioandika tumeyaacha.

Cheti cha ubatizo cha babu kinasema kabila lake ni "Mnyika". Hapa kwetu hakuna anayejiita hivyo. Ni watu gani hao?
*Msomaji, Kilifi*

Si kabila. Nyika ni ile bara kavu yenye miiba nyuma ya pwani, na Mnyika ndivyo watu wa miji ya pwani walivyomwita jirani yao wa huko. Wamisionari Krapf na Rebmann, waliofungua kituo Rabai mwaka 1846, waliliokota jina kwa wenyeji wao wa Mombasa wakaliandika "Wanika". Serikali ya kikoloni ikalirithi, nalo likaingia kwenye vyeti. Kinywani mwa mtu wa mjini neno hilo lilikuwa na dharau: mtu wa porini. Ndiyo maana kuanzia miaka ya 1940 wenyewe walishika jina la Mijikenda, yaani miji tisa: Giriama, Digo, Duruma, Rabai, Ribe, Kambe, Jibana, Chonyi na Kauma.

Babu yako basi alikuwa mmoja wa hao tisa, na neno "Mnyika" halikwambii yupi. Soma mstari wa mahali alipozaliwa. Kama ni upande wa Kwale, mara nyingi ni Mdigo au Mduruma. Hao saba wengine wako zaidi upande wa Kilifi. Usikate shauri kwa mahali peke yake, maana watu walihama. Tafuta jina la ukoo (mbari) na kaya (makazi ya asili ya watu wake ndani ya msitu), halafu waulize wazee wa kaya hiyo.

Unapoandika historia ya familia, usilisahihishe neno kimyakimya. Linakili kama lilivyo, ndani ya alama za kunukuu, kisha ongeza kando: "yaani Mijikenda, huenda Mjibana". Ukilifuta, mjukuu wako akirudi kwenye daftari la kanisa atatafuta "Mjibana" na hatamwona mtu.

Majina ya namna hii ni mengi. "Wasuk" ni Wapokot, "Walumbwa" ni Wakipsigis, "Wagala" ni Waoromo. "Wakavirondo" waliitwa hivyo Waluo na Waluhya kwa pamoja, ingawa lugha zao hazina undugu. "Wamang'ati", wanavyoitwa mpaka leo Wadatoga wa Manyara na Singida, ni neno la Kimaasai la adui. La kuangalia kuliko yote ni "Mdorobo". Kwa Kimaasai ni mtu asiye na ng'ombe, fukara, na wakoloni waliwabandika wawindaji wa kila namna, Waogiek wakiwemo. Wawili walioandikwa "Mdorobo" kwenye daftari moja huenda hawakuelewana hata salamu.

Natafuta habari za babu wa mama yangu aliyekuwa karani Mwanza wakati wa Mjerumani. Nimeandika "Mwanza" kwenye katalogi za nyaraka za Kijerumani, sipati kitu.
*Msomaji, Morogoro*

Hupati kwa sababu Mjerumani aliandika "Muansa". Alisikia kama sisi ila aliandika kwa herufi za kwao, na ukishazijua kanuni zake kazi inakuwa nyepesi:

Sauti ya *z* aliiandika *s*: Sansibar, Muansa. Kwa hiyo *s* yetu ilibidi aiongeze mara mbili: Kilossa, Ssongea. *Y* yetu ni *j* yake, ndiyo Bagamojo. *J* yetu akaiandika *dj* au *dsch*: Udjidji, Kilimandscharo. *Sh* ni *sch*: Moschi, Aruscha. *W* baada ya konsonanti mara nyingi ikawa *u*, au ikapotea kabisa, kama Mpwapwa iliyoandikwa "Mpapua". Wachagga utawakuta "Wadschagga". Na hakuwa mwaminifu kwa kanuni zake mwenyewe: faili moja lina Muansa na ukurasa unaofuata una Muanza. Jaribu zote.

Baadhi ya vituo havifanani na chochote, kwa sababu vilipewa majina ya watu wa kwao. Wilhelmstal ni Lushoto. Neu-Langenburg ni Tukuyu. Bismarckburg ni Kasanga, kule Ziwa Tanganyika.

Fuata mpangilio huu. Kwanza jua mwaka, kwa sababu jina la nchi hubadilika nao: mpaka Vita Kuu ya Kwanza ni "Deutsch-Ostafrika", na Rwanda na Burundi za leo zimo ndani yake. Kuanzia 1920 ni "Tanganyika Territory", na nyaraka zake ni za Kiingereza. Pili, andika jina la mji kwa tahajia tatu au nne kabla hujaenda. Tatu, uliza Nyaraka za Taifa, Dar es Salaam, mfululizo wa faili za Kijerumani wenye alama ya G. Kwa barua zilizokwenda Berlin, tafuta katika Bundesarchiv, yaani nyaraka za taifa za Ujerumani, fungu la R 1001, ambalo ndilo la wizara ya makoloni.

Halafu kuna mwandiko. Maandishi ya mkono ya wakati ule yana *e* inayofanana kabisa na *n*, na juu ya *u* kuna kikunjo kidogo kama mwezi mwandamo. Hicho si alama ya sauti. Kimewekwa ili *u* isichanganywe na *n*. Wengi hukwama hapo: wanasoma "Mnansa", wanadhani ni kijiji kingine, wanafunga faili.

Kwa nini nchi ni Uganda na ufalme ni Buganda? Ipi ni sahihi?
*Mwanafunzi, Kisumu*

Zote, na tofauti yake imeletwa na Kiswahili. Kwa Kiganda nchi ni Buganda, mtu ni Omuganda, watu ni Abaganda. Misafara iliyoingia bara kutoka pwani ilisema Kiswahili, na Kiswahili kikitaja nchi ya watu huweka *U*: Uzaramo, Ugogo, Unyamwezi. Wazungu waliofuata misafara hiyo, wasafiri Waingereza Burton na Speke miongoni mwao, waliandika walichosikia kwa wapagazi na wakalimani: Uganda, Unyoro, Usoga, Urundi. Waingereza walipotangaza himaya mwaka 1894 walilitumia jina hilo kwa ufalme wa Buganda, kisha wakalipanua likafunika falme na nchi za jirani. Ikawa sehemu imebaki na jina la kwao, na nchi nzima ina jina la Waswahili.

Warundi walikwenda njia nyingine. Walipopata uhuru tarehe 1 Julai 1962 waliiacha U ya wageni: Urundi ikawa Burundi, na mji wa Usumbura ukawa Bujumbura.

Kwa mwandishi wa leo: Kabaka ni mfalme wa Buganda, kamwe si "mfalme wa Uganda". Na kwa kuwa "Waganda" kwa Kiswahili huweza kuwa raia wote wa nchi, ukitaka kutaja kabila andika Baganda ili msomaji asibabaike.

Towashi wa Kushi katika Matendo ya Mitume alikuwa Mwethiopia?
*Msomaji, Dodoma*

Kwa Kigiriki ndiyo. Kwa ramani ya leo hapana. Wagiriki waliita *Aithiops* mtu yeyote mwenye "uso ulioungua", na nchi yote iliyo kusini ya Misri wakaiita kwa jina hilo. Kandake, ambaye towashi huyo alimtumikia, halikuwa jina la mtu, kilikuwa cheo cha malkia wa Meroe, na magofu ya Meroe yako Sudan, kaskazini ya Khartoum. Wafasiri wa Biblia ya Kiswahili ya Union walifanya vizuri kuandika Kushi, maana Ethiopia ya leo wakati huo ilikuwa na dola nyingine, Aksum. Ethiopia hii Waswahili wa zamani waliiita Uhabeshi.

Kitabu cha historia cha marehemu baba kinagawa watu wa Maziwa Makuu kuwa Wabantu na Wahamiti. Mwanangu anasema mwalimu amemkataza neno "Mhamiti". Kosa liko wapi?
*Mama msomaji, Bukoba*

Mwalimu yuko sahihi, mama, na mkoa wenu una sehemu katika kisa hiki.

Jina linatokana na Hamu mwana wa Nuhu. Katika Mwanzo 9 aliyelaaniwa ni Kanaani, si Hamu, lakini kwa karne nyingi wafasiri waliipeleka laana kwa Hamu na kwa Waafrika wote weusi, na biashara ya utumwa ikapata andiko la kujifichia. Karne ya 19 hoja iligeuzwa kichwa chini miguu juu. Sasa Wahamiti wakawa "weupe wa Afrika", na lolote la maana lililoonekana barani, ufalme, boma la mawe, ng'ombe wa pembe ndefu, likahesabiwa kazi yao.

Speke alifika Karagwe mwaka 1861, akapokewa na Mfalme Rumanyika. Katika kitabu chake cha 1863 alidai kwamba watawala wa falme hizi walitoka Uhabeshi, kwa kutazama nyuso zao na urefu wao. Ushahidi mwingine hakuwa nao. Mwaka 1930 mwanaanthropolojia Mwingereza C. G. Seligman aliipa dhana hiyo sura ya sayansi, na kitabu chake kilifundishwa vyuoni kwa miongo mingi. Kitabu cha baba yako, bila shaka, kilinywa kisima hicho hicho.

Mwaka 1963 mtaalamu wa lugha Joseph Greenberg alionyesha kwamba hakuna tawi la lugha liitwalo Kihamiti. Kikushi, Kiberberi, Kimisri cha kale, Kichadi na Kisemiti ni matawi ya familia moja yanayosimama kila moja peke yake. "Kihamiti" lilikuwa kapu tu la yote yasiyokuwa Kisemiti. Na "Waniloti-Hamiti" wa vitabu vya Kenya, yaani Wakalenjin, Wamaasai na wenzao, wanasema lugha za Kiniloti, basi. Watutsi na Wahutu nao husema lugha moja, na ni ya Kibantu.

Neno lenyewe halikuishia vitabuni tu. Wabelgiji walipoandikisha watu Rwanda miaka ya 1930 waliwapa vitambulisho vyenye mstari wa Mhutu, Mtutsi au Mtwa, wakiamini kwamba Mtutsi ni Mhamiti aliyetoka kwingine. Tarehe 22 Novemba 1992 mwanasiasa mmoja alihutubia mkutano Rwanda akasema Watutsi warudishwe kwao Ethiopia kwa njia ya mkato, Mto Nyabarongo. Mwaka 1994 maiti ziliteremka kwa mto huo, zikaingia Kagera, zikapita maporomoko ya Rusumo na kufika Ziwa Victoria. Wavuvi wa upande wenu waliziona.

Kitabu usikitupe. Mwambie kijana aandike kwa penseli pambizoni: Wakushi, Waniloti, Wabantu ni majina ya makundi ya lugha. Palipoandikwa "Wahamiti walileta" asome "mwandishi alidhani".

Nafundisha Kiswahili kwa wageni. Nilimwambia mwanafunzi kutoka Johannesburg kwamba sisi sote ni Wabantu, akanuna. Siku nyingine nikamfafanulia neno "kafiri", akatoka nje. Nimekosea nini?
*Mwalimu, Arusha*

Hukukosea lugha, mwalimu. Umekanyaga historia yake.

"Bantu" ni jina alilolileta mtaalamu wa lugha Wilhelm Bleek katika sarufi yake ya mwaka 1862, kutoka shina *-ntu*, mtu. Kwetu limebaki neno la darasani. Kwao liligeuka muhuri wa serikali: Sheria ya Elimu ya Kibantu ya 1953 iliwapa watoto weusi elimu ya kuwaandaa kwa kazi za chini, na idara ya "mambo ya Kibantu" ndiyo iliyosimamia vibali vya lazima vya kutembea ("pasi") pamoja na uhamishaji wa watu kwa nguvu. Sema "lugha za Kibantu", na wala hatanuna. "Wewe ni Mbantu", usimwambie.

"Kafiri" ni zito zaidi. Kwa Kiarabu na kwetu ni asiyeamini, jambo la dini. Wareno walilisikia kwa wafanyabiashara Waislamu wa pwani yetu, wakalifanya *cafre*, jina la Mwafrika yeyote mweusi asiye Mwislamu. Waholanzi na Waingereza wakalipokea, na Afrika Kusini likaishia kuwa tusi baya kuliko yote. Anayemtupia mtu hupelekwa mahakamani. Watu huko hawalitamki hata kwa kunukuu, husema "neno la K". Lakini Sri Lanka kuna jamii ndogo ya wazawa wa Waafrika waliopelekwa enzi za Wareno, nao hujiita kwa jina hilo hilo bila kinyongo.

Darasani, somo la dini likifika, tahadharisha kwanza kwamba neno linalokuja linafanana na tusi la kwao. Halafu liandike ubaoni, usilipige kelele.

Manga ni wapi? Na bukini? Nauza viungo na kuku, wateja wananiuliza.
*Msomaji, Unguja*

Swali tamu hili, maana ramani ya Mswahili wa zamani imebaki jikoni.

Manga ni Uarabuni, hasa upande wa Omani. Pilipili manga haioti Omani, ni zao la Malabari, India. Lakini ililetwa na majahazi ya Wamanga, na mnunuzi wa Darajani alimtazama aliyemuuzia, hakutazama shamba. Mkomamanga ni hivyo hivyo, na njiwa manga pia. Bukini ni Madagaska. Yule ndege mnene mwenye shingo ndefu na kelele ni bata bukini, bata wa Madagaska. Mahindi nayo yana jina la India, ingawa asili yake ni Amerika. Na marekani, kile kitambaa kigumu cha pamba kisichotiwa rangi, kililetwa Unguja na meli za Massachusetts. Mkataba wa Sayyid Said na Wamarekani ni wa 1833.

Viungoni "manga" haina neno. Kwa mtu, angalia. "Mmanga" lilikuwa jina la Mwomani aliyekuja karibuni, mara nyingi mwenye duka dogo shamba, na lilibeba chuki ya deni la sukari na mafuta ya taa. Wengi wa waliouawa katika ghasia za Juni 1961 walikuwa hao. "Mshihiri" nalo, kutoka bandari ya Shihr, walipewa Wahadhrami wote, hata ambao Shihr hawakuiona; wengi hupenda kuitwa Wahadhrami. Ama "Baniani", limeganda kwenye methali ya kiatu chake dawa. Methali tunaisema, lakini mwenye duka hatumwiti hivyo usoni.

Hapa Maskati tunaitwa Wazinjibari. Je, ni sawa na "Zanj" ya vitabu vya Kiarabu?
*Msomaji, Omani*

Mzizi mmoja, maana mbili. Zanj ni jina la wanajiografia wa Kiarabu kwa watu weusi wa pwani yetu; al-Masudi, aliyesafiri huku karne ya 10, analitumia. Zanzibar ni Zanji pamoja na *bar* ya Kiajemi, yaani pwani: kwanza pwani nzima, baadaye visiwa peke yake. Hatuna ushahidi kwamba watu wa huku walijiita Zanj. Msafiri Ibn Battuta alipopita mwaka 1331 alitumia pia *Sawahil*, na hilo ndilo wenyewe walilolikubali.

Uasi wa "Zanj" karibu na Basra, 869 hadi 883, usiuhesabu moja kwa moja kuwa wa Waswahili. Waliokuwa wakikwangua chumvi mashambani kule walitoka sehemu nyingi, na jina lilifunika wote.

Mzinjibari wa leo ni kitu kingine: familia ya Kiomani iliyoishi Afrika Mashariki, wengi wao wakarudi baada ya mapinduzi ya Zanzibar ya 1964 na tena baada ya Sultani Qabus kushika utawala Omani mwaka 1970. Hilo linahusu alikotoka mtu. Aliyekuita "Zanji" amekutajia rangi, na hapo una haki ya kukasirika.

Nitafsiri "Mashariki ya Kati" au kuna neno bora?
*Mfasiri, Nairobi*

Litumie kwenye habari, wasomaji wanalijua. Lilienezwa na Mahan, ofisa wa jeshi la majini la Marekani, mwaka 1902, na linapima dunia kutoka Ulaya. Kwenye jiografia andika Asia Magharibi. Katika maandishi ya pwani taja nchi yenyewe, kwa sababu kwa aliyesimama Mombasa au Tanga, Maskati haiko mashariki hasa. Iko zaidi upande wa kaskazini, na upepo unaoleta majahazi kutoka huko, Desemba hadi Machi, unaitwa kaskazi.